Uso Wake, Jina la Kampuni

Mwaka 1908 Wamarekani walikuwa na mwigizaji waliyempenda bila kujua anaitwa nani. Walimwona kila mara kwenye kumbi ndogo za sinema za kiingilio cha senti tano, wakaandika barua kuuliza jina lake. Kampuni ya Biograph ya New York haikuwaambia. Haikuwa ikitangaza majina ya waigizaji wake, kwa hofu kwamba anayejulikana atadai mshahara mkubwa. Watazamaji wakampachika jina wenyewe: Msichana wa Biograph.

Aliitwa Florence Lawrence, mzaliwa wa Hamilton, Kanada, 1886. Mama yake alikuwa na kundi la maigizo la kuzunguka miji, na Florence alipanda jukwaani angali mtoto mdogo, akiwafurahisha watu kwa kupiga mbinja. Chini ya mwongozaji D. W. Griffith alicheza filamu juu ya filamu. Kisha yeye na mumewe, Harry Solter, wakaiandikia kampuni ya Essanay kuomba kazi. Essanay ikawachongea kwa mwajiri wao, wakafukuzwa.

Carl Laemmle wa kampuni ya IMP akamchukua. Mapema 1910 ukavuma uvumi kwamba Florence amegongwa na tramu akafa. Machi, Laemmle akachapisha tangazo kubwa: huo ni uongo wa mahasimu, msichana ni mzima na filamu yake iko njiani. Wengi wanaamini uvumi huo aliuzusha Laemmle mwenyewe. Alipompeleka St. Louis kumwonyesha kwa watu, umati ulifurika. Hatimaye jina la Florence likajulikana, lakini angalieni lilivyojulikana: kifo chake na kufufuka kwake vyote vilikuwa biashara ya tajiri wake.

Akitengeneza filamu ya Pawns of Destiny, moto wa kuigiza ukawa moto wa kweli. Aliungua na kuumia mgongo, na hakurudi tena kwenye kilele. Miaka ya 1930 alikuwa Hollywood, katika studio za MGM, akipewa vijisehemu ambavyo mara nyingi havikutajwa hata kwenye orodha ya waigizaji. Alijitoa uhai Desemba 1938. Kaburi lake lilikaa bila jiwe la jina hadi 1991.

Hayo ya filamu yanahuzunisha, ila mimi naumizwa zaidi na habari ya gari. Florence alipenda magari na aliendesha mwenyewe, wakati wanawake waendeshao walikuwa wachache. Yapata 1914 alibuni kifaa cha kumwonya dereva anayekuja nyuma: ukibonyeza kitufe, mkono wenye alama unainuka nyuma ya gari kuonyesha upande unaokata kona. Akabuni na kingine, ukikanyaga breki kibao cha kusimama kinachomoza nyuma. Hayo ndiyo mawazo ya indiketa na taa za breki, ambayo leo hakuna gari lisilokuwa nayo. Hakuyasajili. Hakupata chochote.

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na sijui maisha yanayouthibitisha usemi huo kuliko haya. Binti anayeanza kuigiza leo ataambiwa aje kwanza, mkataba utafuata. Ataambiwa kuonekana ndiyo malipo. Florence alionekana kuliko wanawake wengi wa fani yake enzi zile. Naomba binti huyo aulize, kabla kamera haijawashwa, jina lake litaandikwa wapi, picha zake ni mali ya nani, na akiumia kazini nani atamlipia matibabu. Akiambiwa ana maringo, aulize tena.

Wala haikuwa kwamba enzi zile hakukuwa na njia ya kusajili ubunifu. Miaka hiyo hiyo mama yake Florence, Charlotte Bridgwood, alipata hataza ya waipa ya umeme ya kufutia kioo cha gari. Ofisi ilikuwepo, fomu zilikuwepo, na ndani ya familia alikuwepo mtu wa kuzijaza.