Ilungu Mbele ya Kamera

Nilikwenda Pito, jirani na mji wa Sumbawanga, na kamera ya kuazima, nikitafuta habari za ilungu. Hilo ni tanuru la Wafipa la kuyeyushia chuma, refu kuliko mtu, lililovuta hewa lenyewe bila mivukuto. Babu mmoja, aliyesimuliwa na baba yake, alinichorea yote mchangani. Dawa zilizofukiwa chini ya tanuru akakataa kuzitaja.

"Zitapotea, babu."

"Zikipotea zitakuwa zimetupotea sisi, mjukuu wangu. Wewe unazitakia nini?"

Nikamtajia Kagera: katika filamu ya The Tree of Iron (1988), wazee wa Kihaya walijenga tanuru upya, wakayeyusha chuma mbele ya kamera. Akanisikiliza mpaka mwisho.

"Hao walikubali," akasema.

Nikazima kamera (nakiri, nilinuna). Jioni akamwelekeza mjukuu wake wa damu majina ya miti ile. Kwa kuwa kamera ilikuwa imezimwa, hakuona haja ya kunificha. Usiku ndipo nilipogundua kinasa sauti kilikuwa bado kinanasa mfukoni: dakika 11. Sikukusudia. Lakini ni miezi 8 sasa. Sijazisikiliza, wala sijazifuta.