Ustadi ni amana: Je, fundi ana dhima na kazi ya mikono yake?

Baada ya darsa ya Jumamosi, kijana mmoja alinifuata nje ya msikiti. Anafanya kazi katika studio ndogo ya kurekodi matangazo ya redio. "Ustadh," aliniambia, "bosi wangu amepokea kazi ya kampuni ya kamari. Mimi siandiki maneno, siyasomi, na kamari yenyewe sichezi. Kazi yangu ni kuweka muziki wa nyuma na kusawazisha sauti. Je, na mimi nimo?" Akaongeza kwamba mama yake na wadogo zake wawili wanakula kwa mshahara huo.

Uharamu wa kamari hauna mjadala. Qur'an imeitaja pamoja na ulevi na kuiita uchafu katika kazi za shetani. Swali la kijana lilikuwa jingine: mtu anayetia mkono wake kwa mbali, akalipwa, akaenda zake nyumbani, dhima yake inaishia wapi? Nilimjibu kwa kisa cha fundi wa sauti kama yeye, aliyeanza na matangazo kama yeye, na aliyebeba mama na ndugu zake kama yeye. Leo nakileta kisa hicho mbele ya wasomaji, kwa sababu wengi wetu mijini tunakula kwa kazi za namna hii.

Mtu huyo ni A. R. Rahman. Alizaliwa Madras, mji ambao leo unaitwa Chennai, kusini mwa India, Januari 1967, akaitwa Dileep Kumar. Baba yake, R. K. Shekhar, alikuwa mtunzi wa muziki wa filamu. Alifariki mwaka 1976, mtoto akiwa na miaka tisa. Mama akawa anakodisha vyombo vya marehemu mumewe ili watoto wale. Kijana akaacha shule, akawa anapiga kinanda katika bendi za wakubwa. Mwishoni mwa miaka ya 1980 yeye na familia yake wakasilimu, kwa kuathiriwa na shekhe mmoja wa Kisufi. (Kuitwa Rahman bila "Abdul" kuna maneno kwa wanazuoni, maana hiyo ni sifa ya Allah (SW) peke yake. Hilo tuliache kwa leo.)

Alijenga studio nyuma ya nyumba yake, akawa anatengeneza muziki wa matangazo ya biashara. Huko ndiko mwongozaji wa filamu Mani Ratnam alikomsikia, akampa kazi ya filamu ya Kitamil iitwayo Roja. Malipo yalikuwa rupia 25,000, fedha ambazo Rahman angeweza kuzipata kwa siku chache tu za matangazo. Naomba msomaji alishike hili, tutalirudia.

Namna alivyoifanya kazi ile ilikuwa ngeni. Mazoea ya studio za Madras yalikuwa kukusanya wapigaji wote ukumbini na kurekodi kwa pamoja. Yeye alifanya kazi usiku, akatumia kompyuta, akamwita mwimbaji mmoja mmoja, akapanga sauti juu ya sauti hadi aridhike. Filamu ilitoka Agosti 1992. Mama yake aliomba jina jipya la mwanawe ndilo liandikwe kwenye filamu, na likaandikwa. Nyimbo zikavuka mipaka ya Watamil. Filamu ikatiwa sauti ya Kihindi na Kitelugu, India nzima ikaimba. Rahman akapewa Tuzo ya Taifa ya muziki kwa kazi yake ya kwanza kubwa, na mwaka 2005 jarida la TIME la Marekani likauweka muziki wa Roja miongoni mwa miziki kumi bora ya filamu ya wakati wote.

Sasa, filamu yenyewe inasimulia nini? Binti wa kijijini anaolewa na mtaalamu wa serikali wa kufumbua maandishi ya siri. Wanakwenda Kashmir, na huko mume anatekwa na wapiganaji wa Kiislamu. Kiongozi wa watekaji anaonyeshwa akiswali. Katika tukio mashuhuri, watekaji wanachoma bendera ya India, na mateka anajirusha juu yake na kuuzima moto kwa mwili wake. Hapo ndipo muziki wa Rahman unapopanda, wimbo wa kizalendo wa kumtoa mtu machozi. Toleo la Kihindi la wimbo huo lingali likipigwa India katika sherehe za taifa.

Kashmir ya kweli ilikuwa na mambo mengi zaidi ya hayo. Uasi ulianza mwaka 1989. Waislamu wengi raia waliuawa na vikosi vya dola, na Wahindu wa huko nao walilazimika kuyahama makazi yao. Filamu haikumpa mtazamaji nafasi ya kuuliza kwa nini watu wale walishika silaha. Mwanazuoni wa India Tejaswini Niranjana aliandika mwaka 1994, katika jarida la Economic and Political Weekly, akihoji ni taifa la nani hasa ambalo filamu hii inaliunganisha. Miezi minne baada ya filamu kutoka, tarehe 6 Desemba 1992, Msikiti wa Babri ulibomolewa na wafuasi wa siasa kali za Kihindu. Sisemi kwamba filamu iliubomoa msikiti, huo utakuwa uzushi. Nasema filamu ilitoka katika nchi ambayo Muislamu alikuwa tayari anatazamwa kama mgeni mwenye silaha, nayo ikaipa picha hiyo sauti tamu. Waislamu tulioona jinsi neno "gaidi" lilivyotugeukia baada ya Septemba 2001, tunajua picha kama hizo hufanya kazi gani katika mioyo ya majirani zetu.

Hebu tujiulize basi. Mtunzi hakuandika kisa wala hakukiongoza. Hata maneno ya nyimbo yalikuwa ya mshairi Vairamuthu. Je, naye yumo?

Kwanza niseme kwamba sijadili hapa hukumu ya ala za muziki. Wanazuoni wamelizungumza hilo tangu zamani. Wengi wamezuia, na wachache, kama Ibn Hazm, wakaruhusu. Hata anayeruhusu hawezi kulikwepa swali letu, kwa sababu swali letu linamhusu pia mpiga chapa, mhasibu, dereva na fundi wa kompyuta.

Aya ya pili ya Surat al-Maida inatuamuru tusaidiane katika wema na inatukataza kusaidiana katika dhambi na uadui. Mtume (SAW) hakuishia kumlaani mnywaji wa pombe. Alimtaja pia anayeikamua, anayeibeba na anayeiuza. Husimuliwa pia kisa cha fundi cherehani aliyemuuliza mwanachuoni kama kuwashonea nguo watawala madhalimu kunamfanya msaidizi wa madhalimu. Akajibiwa kwamba yeye ni katika madhalimu wenyewe, na wasaidizi ni wale wanaomuuzia sindano na uzi.

Lakini wanazuoni wa fiqhi hawakulichukua jambo hili kijumlajumla. Walitofautiana, kwa mfano, juu ya kumuuzia maji ya zabibu mtu anayejulikana kuwa atayafanya pombe. Imam Abu Hanifa aliruhusu, kwa kuwa maji yenyewe ni halali na dhambi inakuja baadaye kwa kitendo cha mtu mwingine. Wanafunzi wake wawili, Abu Yusuf na Muhammad, walichukia, na wengine wakakataza kabisa. Tunachokipata hapa ni kipimo cha ukaribu: je, kazi yako ni kitu cha kawaida ambacho mwenzako anaweza kukitumia kwa wema au uovu, au imekatwa na kushonwa kwa vipimo vya uovu ule?

Hapa ndipo mtunzi wa muziki wa filamu anapobanwa. Yeye hauzi zabibu. Anaelezwa tukio, anapimia sauti zake humo, anajua ni wapi mtazamaji alie na ni wapi achemke kwa hasira. Kazi yake imeshonwa kwa vipimo. Na kadiri ustadi unavyokuwa mkubwa, ndivyo kisa kinavyokwenda mbali. Laiti muziki wa Roja ungekuwa dhaifu, huenda filamu ingesahauliwa. Ustadi alioukirimu Allah (SW) ndio ulioibeba. Kwa hiyo wanaosema "mimi fundi tu" wanajidanganya, kwa sababu ufundi ndio uliotafutwa na ufundi ndio uliolipiwa.

Hata hivyo uadilifu unatutaka tuitazame na pande ya pili. Kijana yule alikuwa na miaka 25, mchanga katika Uislamu. Katika kisa chenyewe kiongozi wa watekaji hatimaye analainika na kumwachia mateka. Inawezekana kabisa waliohusika waliona wanaipenda nchi yao, si kwamba wanawachukia Waislamu. Nia iko kwa Mola wake, hatuna haki ya kumpasua kifua. Ila udhuru mmoja hawezi kuutoa, nao ni wa njaa. Zile rupia 25,000 zinatuambia kwamba si umaskini uliompeleka kwenye Roja. Alitamani kazi nzuri, na kutamani kazi nzuri si kosa, lakini si dharura.

Mwaka 1995 mwongozaji yule yule alitoa Bombay, filamu inayohusu machafuko ya Desemba 1992 na Januari 1993. Tume ya Jaji Srikrishna ilihesabu watu 900 waliouawa, 575 kati yao Waislamu. Kisa chake cha Muislamu binti kuolewa na Mhindu kiliwaudhi Waislamu, na wana haki, kwani ndoa hiyo haisihi. Nyumba ya Mani Ratnam ilirushiwa mabomu akajeruhiwa, jambo ambalo dini yetu hailikubali. Lakini katika filamu hiyo Rahman alitunga kipande kisicho na maneno, kinachoongozwa na filimbi, kinachoomboleza bila kuuliza marehemu ni wa dini gani. Mwaka 2002 Mpalestina Elia Suleiman alikitumia katika filamu yake kuhusu maisha chini ya ukaliaji wa Israel. Mkono uliopamba kisa cha mtekaji umelia pia na waliodhulumiwa.

Mwaka 2015 Rahman alitunga muziki wa filamu ya Mwirani Majid Majidi kuhusu utoto wa Mtume (SAW). Taasisi ya Raza Academy ya Mumbai ikatoa fatwa dhidi yao. Akajibu kwamba hakuiongoza filamu wala kuitayarisha, alitunga muziki tu. Lakini akaongeza jambo zito zaidi: angemjibu nini Allah Siku ya Kiyama kama angeulizwa kwa nini aliikataa kazi ile, na hali kipaji, fedha na umaarufu vyote amepewa na Yeye?

Msomaji, tazama jibu hilo. Nusu ya kwanza ni ya "mimi fundi tu". Nusu ya pili inaivunja ya kwanza. Kama fundi ataulizwa kwa nini alikataa, basi ataulizwa pia kwa nini alikubali. Mtu huyu, ambaye mwaka 2009 alipokea tuzo mbili za Oscar na kusema kwa Kitamil kwamba sifa zote ni za Mungu, ametufundisha kwa kinywa chake kwamba sifa zikiwa za Mungu, hesabu nayo ni Yake.

Nilimwambia kijana wa studio kwamba jambo lake liko wazi kuliko la Roja, kwa kuwa kamari ina nassi, na tangazo linashonwa kwa vipimo ili mtu aingie mchezoni. Asiache kazi kwa pupa akamwacha mama na njaa. Aombe kuondolewa kwenye matangazo yale, na huku atafute pengine. Baada ya wiki mbili alirudi. Ameombewa mwenzake aifanye kazi ile, na yeye amekosa posho ya mwezi.

Posho ile ndiyo inayotuhukumu sisi tuliobaki. Ni rahisi kusema "haramu" kutoka kwenye mimbari au kwenye safu ya gazeti. Waislamu wangapi wenye maduka, shule na kampuni wamewahi kumtafuta kijana wa namna hii na kumpa kazi ya halali, kwa malipo yasiyomtia aibu? Ustadi wake ni amana juu yake, na riziki yake ni amana juu ya jamaa zake katika imani. Tusimwachie yeye peke yake alipe gharama ya aya ambayo sote tunaisoma.

Wallahu a'lam.