Mashine ya Kurudisha Wakati

Katika hadithi za kubuni zinazopendwa na vijana imo mashine inayokusanya nuru ya nyota, ikaigeuza kuwa nguvu, na kwa nguvu hiyo ikaurudisha wakati nyuma. Anayeimiliki huenda jana akatengeneza lililoharibika. Mashine hiyo haipo, ndugu msomaji, lakini swali linaloletwa nayo lipo: lau tungepewa, je, ingekuwa halali kuitumia?

Tuanze na nuru yenyewe. Husafiri kilomita 300,000 hivi kwa sekunde moja. Hata hivyo nuru ya Kilimia, nyota ambazo wakulima wamezitazama tangu kale kujua majira, huchukua karibu miaka 440 kutufikia. Tunayoiona usiku hapa Didia ilianza safari kabla Wareno hawajaanza kujenga Ngome ya Yesu kule Mombasa mwaka 1593. Kwa hiyo kila atazamaye mbingu huyaona yaliyopita. Huyaona, lakini hayagusi. Je, mpaka huo ni ukatili, au ni hifadhi kwetu?

Chukua Operesheni Vijiji. Kati ya 1973 na 1976 mamilioni ya Watanzania walihamishiwa katika vijiji vya pamoja, mahali pengi kwa nguvu. Usukumani, ambako kaya zilizoea kuishi mbalimbali, wapo walioacha miji yao iliyozungushiwa minyaa na makaburi ya wazazi wao. Mtu aliyeona nyumba yake ikibomolewa ana haki ya kutamani siku ile isingekucha.

Basi tumpe mashine. Anaifuta siku ile, anabaki kwake. Mwanawe hakutani na binti wa jirani mpya; ndoa haifungwi; wajukuu wanaomletea leo maji ya kunawa hawapo. Hawakufa, bali hawakuwahi kuwapo. Nani aliwauliza? Mzee anaondolewa dhuluma kwa kudhulumiwa wasio na hatia, ambao hata kaburi la kuwalilia hawana.

Mtu atasema kwamba kwa hoja hiyo dhuluma inahalalishwa na matunda yake. La hasha! Mjukuu mwema hamtakasi aliyeibomoa nyumba. Kulihukumu tendo ni jambo moja, kuwafuta waliozaliwa baada yake ni jambo jingine. Twaweza kufanya la kwanza bila kutamani la pili. Tena, siku ikifutwa, ushahidi nao hufutika. Hapatakuwa na wa kuomba radhi wala wa kuombwa. Nadhani wa kwanza kuinunua mashine hiyo asingekuwa aliyeonewa, bali aliyeonea.

Je, basi hatuna la kufanya? Tazama ngitili, yale malisho ambayo Wasukuma waliyatenga tangu zamani kwa ajili ya kiangazi. Miti ya Shinyanga ilifyekwa wakati wa ukoloni ili kufukuza mbung'o, ikafyekwa tena kupanua mashamba, ya pamba yakiwamo, hata sehemu kubwa ya nchi ikawa tupu. Mwaka 1986 ulianzishwa mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, na watu wakahimizwa kuzirudia ngitili. Hakuna aliyeurudisha wakati. Walizuia mifugo, wakangoja visiki vichipue, na maelfu ya hekta yakafunikwa tena na miti. Si miti ile iliyokatwa, lakini inatoa kuni, dawa na malisho.

Na jua, kumbuka, nalo ni nyota. Mti huikusanya nuru yake na kuigeuza kuwa uhai. Kama ipo mashine ya nuru ya nyota inayoponya yaliyopita, basi ni hiyo, nayo hufanya kazi kwa kwenda mbele tu, polepole, na inataka mlinzi.

Vivyo hivyo kwa wanadamu. Mzee aliyebomolewa nyumba hatudai jana yake, maana hakuna awezaye kuilipa. Anatudai tumsikilize, tukiri kwamba lilitendeka, tuliandike, na tusilirudie kwa wengine wanaohamishwa leo kupisha migodi au barabara. Deni hilo linalipika. Lakini aliyekuwa na miaka 30 wakati wa operesheni ile sasa amepita 75, na wengi wao wamekwisha kuondoka.