Maana ya Jina ni Mali ya Nani?

Walimu wenzangu, sisi wafundishaji wa lugha hupenda kufumbua asili ya maneno, tukidhani kwamba ajuaye chanzo cha neno ndiye ajuaye maana yake. Nami nilikuwa na dhana hiyo mpaka siku nilipolifumbua jina la mwanafunzi wangu mmoja, Nadia, mbele ya darasa zima hapa Bujumbura.

Niliyoyasema yalikuwa kweli. Kwa Warusi, Nadia ni ufupisho wa Nadezhda, yaani tumaini. Katika masimulizi ya kale ya Wakristo, mama aitwaye Sofia, maana yake hekima, alikuwa na binti watatu waliouawa mjini Roma kwa ajili ya dini yao: Pistis, Elpis na Agape. Habari hizo zilipotafsiriwa kutoka Kigiriki, mabinti wakapata majina ya Kislavi: Vera, Nadezhda na Lyubov, ndio akina Imani, Tumaini na Upendo wa kwetu. Mama akaachiwa Kigiriki chake. (Kwa nini hekima isitafsiriwe? Hilo lingetosha makala nyingine.) Nikaongeza kwamba Mrundi aitwaye Nizigiyimana, yaani namtumaini Mungu, ni ndugu wa Nadezhda kwa maana ijapokuwa si kwa sauti. Darasa likafurahi.

Kesho yake akaja baba wa binti, mkazi wa Buyenzi, mtaa wa Waswahili wa siku nyingi. Baada ya salamu akasema, "Mwalimu, mwanangu amerudi nyumbani na jina jingine."

Kwake yeye Nadia lilikuwa jina la Kiarabu, mwenye kuita. Watoto wawili waliomtangulia walizaliwa kimya, wala hawakulia kamwe. Huyu alipozaliwa, sauti yake ilisikika mpaka barabarani.

Je, nilikosa? Majina hayo mawili hayana nasaba moja, yamekutana kwa sauti tu. Kosa langu halikuwa katika Kirusi. Lilikuwa katika kutouliza. Nami ningalipaswa kujua, maana naishi miongoni mwa Warundi, ambao kwa desturi humpa kila mtoto jina lake mwenyewe, hata ndugu wa tumbo moja wasiitwe kwa jina moja. Nyandwi ni mtoto wa saba, Bukuru na Butoyi ni mapacha. Hayo ni mepesi. Lakini yako yanayosimulia msiba au ugomvi na majirani, na hayo kamusi haiyafikii: sharti umjue aliyelitoa jina na siku aliyolitoa. Philippe Ntahombaye aliyaandikia majina ya Warundi kitabu kizima, kilichotoka mwaka 1983.

Nilimwita binti, nikamweleza asili zote mbili, na kwamba ile ya babaye ndiyo aliyopewa. Akanyamaza kitambo, kisha akauliza kama inaruhusiwa kuwa nazo zote. Nikamwambia hilo si swali la mwalimu wa lugha, amwulize babaye. Nilitamani sana kumjibu ndiyo.