NDIYO NA SIYO KATIKA SHERIA MOJA

Somo: Mathayo 5:33-37



Vijana wetu hupenda kuniambia, "Mwalimu, mbona Afrika Kusini bangi ni halali?" Mimi bangi siipendi, na hapa kwetu sheria yaikataza. Lakini wakiuliza yafaa wajibiwe, na somo letu latusaidia. Bwana Yesu ataka tuseme ndiyo au siyo, pasipo maneno ya kumzungusha mtu. Je, sheria ya huko yasemaje?

Tarehe 18 Septemba 2018 Mahakama ya Katiba, kwa hukumu aliyoiandika Jaji Raymond Zondo, iliamua kwamba mtu mzima aweza kupanda na kuvuta bangi faraghani, kwa matumizi yake mwenyewe. Miongoni mwa wadai alikuwa Gareth Prince, Mrastafari aliyesomea sheria akanyimwa uwakili kwa ajili ya bangi; mwaka 2002 alikuwa ameshindwa kwa majaji 5 dhidi ya 4.

Hiyo ndiyo ndiyo yao. Siyo ikafuata papo hapo, kwani kuuza na kununua kulibaki kosa. Basi asiye na kiwanja ataipata wapi? Na kiasi cha mtu mmoja ni kipi? Mahakama haikutaja, askari apime mwenyewe. Mwenye ukuta mrefu halali na hofu. Mpangaji wa chumba kimoja, faragha yake iko wapi?

Bunge lilipewa miezi 24 kurekebisha sheria. Rais Cyril Ramaphosa alitia sahihi Mei 2024. Kokotoeni wenyewe, ni miaka 5 na miezi 8. Hata Machi 2025 sheria hiyo ilikuwa haijaanza kutumika, ikingoja kanuni. Mwezi huohuo Wizara ya Afya ikapiga marufuku vyakula vyenye bangi, na haukupita muda amri ikaondolewa. (Nasi tusicheke sana. Mzazi akileta mtoto abatizwe, huambiwa ndiyo leo, kesho hudaiwa karatasi ambayo hakuna aliyemtajia.)

Wenye uchungu zaidi ni wakulima wa Pondoland, jimbo la Eastern Cape, ambao wameilima kwa vizazi vingi wakisomeshea watoto. Zamani helikopta za polisi zilinyunyizia mashamba yao dawa ya kuua magugu, wakalia kwamba inaangukia na chakula. Siku hizi kibali cha kulima bangi ya tiba kipo, ila chataka uzio, walinzi na ada, mambo ya kampuni yenye fedha. Katika Mathayo 23 Bwana aliwakemea waliowatwika watu mizigo wasiyoigusa wao wenyewe. Mkulima wa jembe la mkono asikia redioni kwamba zao lake limeruhusiwa. Akiuza gunia moja, hukamatwa kama alivyokamatwa baba yake.