Je, Tuuze Mbuzi kwa Ajili ya Picha ya Matiti?

Jumapili moja baada ya ibada hapa Wamunyu, mume mmoja mchongaji wa vinyago alinivuta kando akaniuliza swali ambalo sikuwa na jibu lake. Mkewe ana miaka 44. Hana uvimbe wala maumivu, lakini alisikia redioni kwamba mwanamke wa umri wake anapaswa kupigwa picha ya matiti, ile iitwayo mamogramu. Pesa za picha na nauli zingetoka katika karo ya mtoto, ama wauze mbuzi wawili. "Katekista," akasema, "nikikataa, nitakuwa nimemkosea mke wangu mbele ya Mungu?"

Nilimwomba wiki moja.

Tusidharau hofu ya mama huyo. Kansa ya matiti ndiyo inayowapata wanawake wengi zaidi nchini Kenya. Makadirio ya mwaka 2020 yalikuwa wagonjwa wapya karibu 6,800 na vifo zaidi ya 3,000. Picha yenyewe ni eksirei. Titi hubanwa kati ya vibao viwili, huuma kidogo, na picha yaweza kuonyesha kivimbe ambacho vidole havijakigusa. Kansa ikipatikana mapema, matibabu huwa mepesi na wengi hupona. Ndiyo maana mwongozo wa Wizara ya Afya wa mwaka 2018 unashauri picha hiyo kuanzia miaka 40.

Lakini kuna upande ambao redio haikuutaja. Mwaka 2012 jopo la wataalamu nchini Uingereza lilikadiria hivi: wakiitwa wanawake 10,000 kupimwa kwa miaka 20 tangu wakiwa na miaka 50, 43 hivi wataepushwa na kifo cha kansa hiyo. Wengine 129 hivi watatibiwa kansa ambayo isingewasumbua kamwe maishani mwao. Yaani kwa kila anayeokolewa, watatu hukatwa au kuchomwa kwa miale bila haja, na hakuna daktari awezaye kusema ni akina nani. Nilirudia kusoma hesabu hiyo mara tatu. Tena picha huweza kumtisha mtu mzima wa afya, na huweza kupitwa na kansa iliyopo, hasa kwa mwanamke ambaye bado kijana, kwa kuwa titi lake ni zito na huficha. Na huku kwetu Afrika wengi hupatwa kabla ya miaka 50.

Shirika la Afya Duniani lilisema mwaka 2014 kwamba mahali penye huduma chache, kazi ya kwanza ni kuwatambua na kuwatibu haraka wenye dalili, na kwamba kupimwa kwa mikono ya mhudumu aliyefunzwa ni njia yenye matumaini. Kule Mumbai, India, wanawake zaidi ya 150,000 walifuatiliwa kwa miaka 20. Matokeo yaliyotolewa mwaka 2021 yalionyesha kwamba kupimwa kwa mikono kila miaka miwili kulipunguza vifo kwa karibu asilimia 30 kwa wenye miaka 50 na zaidi. Kwa walio chini ya hapo vifo havikupungua, basi hiyo nayo si kinga ya wote.

Papa Pius XII alifundisha mwaka 1957 kwamba tunawajibika kutumia njia za kawaida za kutunza uhai, zisizoleta mzigo mzito mno kulingana na mtu, mahali na wakati. Kwa hiyo nilimjibu yule mume kwamba kungoja si dhambi, mradi wameamua wawili. Ila nikamwuliza: mama mkwe wako au shemeji yako aliwahi kuugua kansa hiyo? Akasema hapana. Angesema ndiyo, ningemtuma kwa daktari bila kungoja. Na siku mkewe akiona uvimbe, chuchu iliyoingia ndani au damu, hapo si suala la uchunguzi tena. Hapo mbuzi wauzwe, na ng'ombe pia.

Sikumficha jambo moja, wala ninyi siwafichi. Mke wangu aliwahi kupata uvimbe akanyamaza miezi mitano, kwa sababu nilikuwa nimelalamika mezani juu ya madeni. Haukuwa kansa, Mungu ashukuriwe. Lakini kwa miezi mitano alilala kando yangu akiogopa peke yake, nami nilikuwa nikifundisha wachumba maana ya ndoa kila Jumamosi.

Wale wawili walikwenda pamoja kituo cha afya, muuguzi akampima kwa mikono na kumwonyesha mama dalili za kuangalia. Mbuzi wako zizini. Kuhusu picha, mama alisema ataamua mwenyewe baada ya kuvuna ndengu, na mumewe amekubali kumsindikiza akiamua kwenda.