Jasho Limekauka, Ujira Uko Wapi?
Ndugu zangu, Ijumaa vibarua walipakua saruji katika bandari ya Bujumbura hadi magharibi. Nyapara akatoweka na fedha. Tajiri asema, "Mimi nimeshalipa." Je, dhima imemtoka?

Katika mlango wa ijara, nyapara akiwa wakili wa tajiri, mkono wake ni mkono wa tajiri. Deni bado lipo. Akiwa mkandarasi anayejitegemea, wapo watakaomwachilia tajiri. Mimi nasita: nyapara alichaguliwa na nani, kama si yeye?

Tukumbuke watu watatu wa pangoni, katika hadithi aliyoipokea Imamu Bukhari. Mmoja wao alitunza ujira wa kibarua aliyeondoka, akauzalisha ukawa mifugo, naye aliporudi akamkabidhi wote. Hakungoja kadhi. Wetu bado wamekaa getini.